Kanda Zilizobaki kwa Adhis

Hamburg, Ujerumani
6 Februari 1994

Kwako shemeji Adhis,

Salamu zangu zikufikie wewe na watoto, Seline na Kevin. Natumai mko na afya na sufuria haikosi kitu. Mimi niko sawa. Baridi ya huku ni ya kukausha masikio lakini nimezoea. Asubuhi naosha vyombo katika hoteli moja, halafu mchana nakaa na watu wanaotengeneza filamu za siasa. Wamenipa meza na mashine ya kukatia picha, na wananiita mwenzao.

Pole kwa msiba. Najua imechelewa. Habari kwamba ndugu yangu Okeyo amefariki ilinikuta Disemba, mkiwa mmeshazika. Hata ningejua mapema nisingeweza kuja, jina langu liko pale uwanja wa ndege na wewe unaelewa hayo.

Sasa jambo lililonifanya nishike kalamu. Nilipotoroka Kibera mwaka jana nilimwachia Okeyo mfuko wa kanda zangu za video. Humo ndani ndimo kazi yangu yote ilimo: nyumba za wapangaji zikibomolewa, lile lori lililoleta vijana wa kubomoa, na watu wakieleza walivyofanyiwa. Niliondoka na nakala ya dakika chache tu. Ilionyeshwa kwenye TV ya hapa mwezi wa Mei, ikazungumziwa sana, na kwa sababu yake nimekubaliwa kutengeneza filamu nzima. Bila huo mfuko hakuna filamu, na bila filamu yule mheshimiwa atajenga maghorofa juu ya vitanda vya watu na hakuna atakayeuliza.

Rafiki yangu Muema atapita hapo kwako. Tafadhali mpe mfuko.

Ni mimi shemeji yako,
Billy


Kawangware
20 Machi 1994

Billy,

Sisi tupo. Seline anarudia darasa la sita kwa sababu muhula mzima alikaa nyumbani kumpa baba yake maji wakati mimi niko sokoni. Kevin alishikwa na surua, amepona. Mama yenu kule Ugenya jicho moja halioni tena.

Barua yako ilienda Kibera, ikakaa kwa jirani mpaka nilipopita kumsalimia. Tulihama Januari. Mwenye ploti alisema hataki nyumba inayotembelewa na watu wa suti. Sasa tuna chumba kimoja hapa Kawangware, upande wa kwenda Riruta, na samaki wangu wa omena nauzia hapo nje kwenye lango.

Siku ya mazishi mama yenu aliuliza mbele ya watu wote, "Na Billy? Nani atamtupia ndugu yake udongo?" Nikamwambia uko kazini mbali. Sitakusemea tena.

Muema alifika, jirani huyo huyo alimwelekeza. Ni kijana mzuri, nilimpa chai. Mfuko sikumpa.

Na mimi nina swali. Wale watu walipokuja kumchukua Okeyo walimwita kwa jina na walijua mchomelea vyuma huyo anaishi wapi. Nani aliwaambia? Ukinijibu hilo, tutaongea habari ya mfuko.

Adhis


Hamburg
15 Mei 1994

Shemeji Adhis,

Nimefurahi Kevin amepona. Mwambie Seline asikate tamaa na shule. Mama nimemwandikia kupitia kwa mwalimu wa pale nyumbani.

Barua yako imeniumiza. Unaniuliza kama vile mimi ndiye polisi. Okeyo alikuwa mtu mzima. Alikaa mbele ya kamera yangu akaongea kwa kinywa chake, akijua mimi ni nani na kazi yangu ni nini. Hakuna neno hata moja nililomwibia. Yeye ndiye aliyenifuata siku ya kubomoa, akanivuta mkono akasema, "Billy, njoo na hiyo kamera yako waone." Wewe ulikuwa wapi siku hiyo? Ulikuwa unafunga vyombo kwa shuka. Sikulaumu. Lakini usiniambie kwamba unajua alichotaka kuliko mimi niliyesimama naye kwenye matope.

Nchi yetu imejaa watu walioona na wakanyamaza. Miaka kumi natembea na kamera, nimelala korokoroni mara mbili, nimeachwa na msichana niliyetaka kumwoa, na sasa nimefukuzwa kwetu. Okeyo naye ametoa uhai wake. Halafu wewe unakalia ushahidi kama kuku anayeatamia!

Sitarudia tena kuomba. Muema atakuja. Hizo kanda ni zangu.

Billy


Kawangware
9 Agosti 1994

Billy,

Watoto ni wazima. Mimi mgongo unauma lakini si kitu.

Umeniuliza nilikuwa wapi siku ya kubomoa. Ngoja nikwambie nilikuwa wapi siku nyingine, ile ambayo wewe hukuwepo.

Ilikuwa Juni mwaka jana, baada ya watu kutoka kanisani. Okeyo alikuwa ameketi mlangoni pa chumba tulichopanga hapo hapo Kibera baada ya kubomolewa, akirekebisha jiko la jirani. Wakaja wanaume wamevaa suti, gari wameliacha kule barabarani, mtaa wa Olympic. Mmoja akamwambia, "Wewe ndiye Okeyo, star wa TV ya wazungu?" Okeyo akacheka, akidhani ni mzaha. Yule mtu akainama akazima jiko kwa kiatu. "Ulisema lori ni la nani? Sema tena, hapa mbele ya bibi yako."

Okeyo aliniangalia. Nakuapia alikuwa hajui wanaongea nini. Akasema, "Mimi sijawahi kusema kitu kama hicho kwa TV."

Wakamchukua. Alirudi baada ya zaidi ya wiki, ameletwa na mkokoteni wa maji kutoka barabarani maana hangeweza kutembea. Alikojoa damu mpaka Novemba alipofariki. Na siku zote hizo alikuwa akirudia neno moja: "Sikusema kwa kamera, Adhis. Mimi si mjinga, nina watoto. Sikusema." Nilidhani homa inamchanganya.

Halafu wewe unaniandikia kuku anayeatamia.

Usimtume Muema tena, utamchosha bure. Kanda zako nilizichoma. Nilizimwagia mafuta taa hapa nyuma ya ploti na takataka zingine, zikanuka siku nzima mpaka majirani wakalalamika. Hazipo tena. Mtu yeyote anayezitafuta ajue hivyo.

Adhis


Hamburg
2 Septemba 1994

Adhis,

Sina salamu.

Umechoma sauti yake. Umechoma uso wake akiwa mzima, na sauti za wamama wote waliolia siku ile wakijua kuna mtu anawachukua. Wale watu wa suti walimpiga mwili. Wewe umefanya kazi iliyowashinda. Wangejua wangekulipa mshahara.

Nilipoambiwa Okeyo anaoa nilimwambia huyu msichana ana roho ngumu. Akasema nitakuzoea. Sikukuzoea na sasa sitajaribu.

Usinijibu.

Billy


Kawangware
14 Januari 1995
Kwa mkono wa Muema

Billy,

Ulisema nisijibu. Nimekaa miezi nikafuata neno lako. Ninaandika sasa kwa sababu Muema amepata masomo huko Ulaya na atabeba barua hii ndani ya koti lake, haitapita posta.

Kanda sikuchoma. Barua yako ya Mei ilifika ikiwa imefunguliwa na kubandikwa tena na gundi ya ovyo, hata alama za vidole zimeonekana. Kuna watu walikuwa wakisoma kabla yangu. Kwa hiyo ile barua ya Agosti niliwaandikia wao, na wamesoma vizuri, kwa sababu hawajarudi kupekua. Wewe ulivyonitukana umenisaidia. Hata mjinga angeamini.

Kanda zilitoka Kibera ndani ya beseni, juu nimejaza omena. Nilipita nazo kichwani mbele ya kijana wa chifu. Akaomba nimpimie kidogo, nikampimia.

Sikutaka kuzitazama. Lakini maneno ya Okeyo hayakunitoka, ile "Sikusema kwa kamera". Hapa Riruta kuna mtu anaitwa Walubengo, anapiga video za harusi. Ana kamera ya aina ile yako. Nikamwendea mwezi uliopita. Alifungua mfuko akarudi nyuma, "Mama, mbona hizi kanda zinanuka samaki?" Nikamwambia aunganishe tu waya kwenye TV. Mke wake akatoa watoto nje, akaketi na mimi.

Nimeona kazi yako, Billy. Siwezi kusema uongo, ni kazi. Niliona nyumba yetu ikianguka, pazia langu la njano likivutwa na meno ya tingatinga. Niliona namba ya lile lori wazi kabisa. Niliona mtu mzima akikimbia na mlango tu, mlango mtupu, hajui ataupeleka wapi. Mke wa Walubengo alilia. Mimi sikulia, nilikuwa nangoja.

Kwenye kanda ya mwisho Okeyo amekaa karakana kwake, shati la bluu. Wewe huonekani, unasikika. Unamuuliza lori ni la nani. Anajifuta mikono na kitambaa. Anasema, "Billy, hapo zima. Nina watoto." Unamwambia, "Sawa." Anasema tena, "Zima kwanza ndiyo nikwambie." Na wewe, Billy, kwa sauti yako ile ya upole ambayo mama yenu anaipenda, unasema, "Nimezima. Ongea tu."

Picha haikukatika. Okeyo alilegeza mabega, akasogea karibu, akakwambia jina la mheshimiwa na jinsi alivyojua, kwa kuwa ndiye aliyechomelea bodi ya lile lori. Alikuwa anaongea na ndugu yake. Hicho ndicho kipande ulichobeba, na hicho ndicho wazungu walichotazama mezani mwao.

Nilimwambia Walubengo arudishe nyuma. Akarudisha. Tukasikia tena.

Basi sasa najua nani aliwaambia.

Wapangaji wa Kibera wamepata wakili, mwanamke anaitwa Wangoi, na kesi imeanza. Kanda zote nimempa yeye, isipokuwa hiyo moja. Kwa zile zingine mwandikie, atakupa nakala. Hii ninayo mimi. Nataka kusikia utasema nini.

Adhis


Hamburg
3 Machi 1995

Adhis,

Muema amefika. Anasema umekonda na kwamba Seline ni mrefu kama wewe. Amenipa barua yako na akakaa hapo hapo mbele yangu nilipoisoma. Nadhani ulimwagiza hivyo.

Unataka niseme nini? Kwamba naomba msamaha? Ungenitemea mate. Nitasema ukweli basi, na uufanyie utakavyo. Kama ningezima, jina la mwenye lori lingebaki pale karakana. Familia mia ngapi zingelala nje na dunia isijue kwa amri ya nani? Nilipima. Nilijua atakataa, kwa hiyo sikumuuliza. Kila anayefanya kazi hii hufika mahali kama pale. Nilidhani watamtisha kidogo kama walivyonitisha mimi, halafu wamwache. Walinikosea hesabu.

Ukiniuliza kama ningefanya tena, sijui. Jana ningesema ndiyo.

Nimemwandikia wakili. Filamu nitaitengeneza kwa kanda zake. Ile ya karakana kaa nayo. Sitaitumia. Itoshe.

Billy


Kawangware
30 Aprili 1995
Kwa mkono wa Wangoi

Billy,

Mvua imeingia ndani mara mbili, tumeinua godoro juu ya mawe. Watoto wanasoma.

Hesabu haikukosewa na wale watu. Ulikosea wewe, na uliyempima alikuwa ndani ya nyumba yangu, si yako. Andika vizuri.

Unasema itoshe. Nani amekupa ruhusa ya kusema itoshe? Ulipotaka sauti yake uliichukua akiwa amekataa. Sasa kwa kuwa yako imo ndani, hutaki tena. Unataka filamu ambayo kila mtu anaonekana uchi isipokuwa mwenye kamera.

Nimekaa na Wangoi. Anasema jina la mheshimiwa limeshasomwa mahakamani mbele ya waandishi wa magazeti, kwa hiyo halina wa kumuua tena. Okeyo alikufa kwa hicho kipande. Watu wakione chote.

Kanda hii hapa, Wangoi anakuja huko kwa mkutano wa mawakili na atakupa mkononi. Utaitumia. Utaanza pale anapojifuta mikono, na hutakata mpaka amalize. "Zima," iwepo. "Zima kwanza," iwepo. Na lile jibu lako liwepo, hivyo hivyo, kwa sauti yako, bila muziki juu yake. Walubengo amebaki na nakala. Nikisikia umekata, nitaipeleka mimi mwenyewe kwa magazeti ya hapa na nitaita waandishi waje waisikilize.

Usiniandikie mpaka uwe umemaliza.

Adhis


Hamburg
22 Oktoba 1995

Shemeji Adhis,

Nawasalimu. Nimesikia mama alilazwa na akatoka, ashukuriwe Mungu. Nimesikia pia mahakama imezuia ujenzi kwa sasa. Wangoi aliniandikia.

Nimemaliza. Ilionyeshwa wiki iliyopita katika ukumbi wa sinema, umejaa. Nilikaa mstari wa nyuma na Muema.

Nilikata kile kipande mara nyingi mezani. Ninakukubalia hilo. Nilikata neno moja, nikarudisha. Nilipunguza sauti, nikarudisha. Mwenzangu wa hapa, mwanamke aliyenifundisha kazi, aliposomewa tafsiri alivua miwani akaniuliza, "Huyu anayesema amezima ni nani?" Nikamwambia ni mimi. Siku hizi ananisalimu kwa kichwa tu.

Ukumbini maneno yale yalitokea yote, yameandikwa chini kwa Kijerumani. Baadaye nikaitwa mbele. Kijana mmoja akasimama akauliza kama yule fundi alijua kwamba anapigwa picha. Nikasema hapana. Akauliza yuko wapi sasa. Nikasema alikufa. Akauliza kama mimi nitatengeneza filamu nyingine. Mtafsiri akanisubiri, Adhis, na ukumbi ukanisubiri. Nikashuka.

Wamenipa kazi nyingine, kuhusu wachimba migodi huko kusini mwa Afrika. Sijawajibu.

Nakuomba jambo moja. Mweleze mama. Wewe utajua maneno ya kutumia.

Billy


Kawangware
12 Novemba 1995

Billy,

Barua nimeipata, na Wangoi amenionyesha filamu ofisini kwake. Hukukata. Sawa.

Seline aliitazama na mimi. Ana miaka kumi na minne, sikuweza kumficha. Kanda ilipoisha aliuliza, "Huyo ni uncle Billy?" Nikamwambia ndiyo. Akachukua mkoba wake wa shule akatoka nje, na mpaka leo hajataja jina lako. Kevin bado hajui. Akikua atajua.

Mama yenu sitamweleza. Hilo ni lako. Nilimdanganya mara moja kwa ajili yako, mbele ya kaburi, na lile neno bado liko kooni mwangu. Umesoma, una kalamu, una mdomo. Akishasikia, mimi nitakuwa karibu kumshika mkono, lakini nitakayemshika ni yeye.

Habari ya wachimba migodi usiniulize. Kama utaenda, waonyeshe kwanza hii filamu, halafu uwaulize kama wanataka uwashe kamera.

Disemba tunaenda Ugenya kuweka simenti kwenye kaburi la Okeyo, maana mvua imeanza kulila upande mmoja. Watu wa nyumbani watakuwepo wote. Muema anasema siku hizi waliotoroka wameanza kurudi na hawaguswi uwanja wa ndege, sijui kama ni kweli. Mimi sikualiki. Sitakupikia chakula, na nyumbani kwangu hutalala. Lakini kaburi ni la ndugu yako na njia ya kwenda pale unaijua. Ukija, njoo mikono mitupu, bila kamera.

Adhis